Jina Lililoitwa Mara Tatu

Mkalimani hana kiti. Hakimu ana chake, wakili ana chake, mshtakiwa ana kizimba cha kushikilia, hata askari wa korti ana mlango wa kuegemea. Mkalimani husimama. Nimesimama hivyo Kitale na Bungoma karibu miaka kumi, na sasa nimestaafu. Miguu ndiyo iliyofurahi kwanza. Ninyi mnaobaki mmeniomba niwaandikie machache kuhusu kazi, basi nawaandikia, ila msitafute humu nilipandishwa cheo lini. Sikupandishwa sana, na siku nilipopandishwa niliendelea kusimama palepale.

Jina langu ni Nanjala. Kwetu Wabukusu, msichana aliyezaliwa wakati wa njaa huitwa hivyo, na kaka yake angeitwa Wanjala. Nimetembea na jina la njaa maisha yangu yote na mnavyonijua mimi ni mnene, kwa hiyo msiamini kila kinachosemwa na jina. Lakini msilipuuze pia. Nimesikia kesi za mauaji nikarudi nyumbani nikapika, nikala. Kesi iliyoninyima chakula na usingizi ilikuwa ya jina la mtu.

Niliingia kazini kwa mlango wa nyuma. Nilikuwa mpiga taipu Kitale, chumba cha mwisho, na nilikuwa nimeizoea mashine yangu pamoja na herufi zake zilizokwama. Asubuhi moja, mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili, karani mkuu akachungulia mlangoni.

"Madam, wewe si ni mtu wa Bungoma? Kibukusu unajua?"

"Najua cha nyumbani."

"Hicho hicho. Mkalimani ameenda matanga. Ingia korti, hakimu anangoja."

Hakuna aliyeniuliza kama ninaweza. Shahidi wa kwanza alikuwa mama mmoja aliyepigwa na jirani yake kwa sababu ya ng'ombe kuingia shambani. Akasema kwa Kibukusu, "Nilianguka chini." Mimi nikasema kwa Kiswahili, "Anasema alianguka chini." Hakimu akaweka kalamu. "Nani anasema? Wewe ama yeye? Na nani alianguka?" Watu wakacheka. Nilimaliza siku ile nguo ikiwa imenigandama mgongoni, nikaapa kwamba sirudi tena. Kesho yake nikarudi, maana karani alikuwa ameshaliandika jina langu kwenye orodha.

Aliyenifundisha kazi ni yule aliyekuwa ameenda matanga, Mzee Idi Barasa, Mwislamu wa Bungoma mjini, nyumba yake karibu na msikiti. Alikuwa anajua lugha sita na hakuwahi kupandisha sauti katika hata moja. Alizaliwa siku ya Idi, baba yake akiwa amekwama kwenye baraza la chifu, akaitwa yote mawili. "Jina langu lote ni shughuli," alikuwa akisema. "Ndiyo maana sipumziki."

Vifaa vyake vilikuwa vichache. Daftari ndogo ya kuingia mfukoni. Penseli, si kalamu, kwa sababu kalamu huisha wino shahidi anapofika penye maana. Kipande cha tangawizi kavu cha kuweka chini ya ulimi koo likikauka. Na viatu vilivyochakaa, kwa maana viatu vipya vitakufanya utamani shahidi amalize haraka. Kanuni yake ya kwanza ilikuwa hii: shahidi akisema "mimi", wewe sema "mimi". Akitukana, tukana. Akilia, usilie, lakini maneno yake yatoke kama yalivyoingia. "Wewe ni bomba," aliniambia. "Maji yakiingia na tope, yatoke na tope. Usichuje."

Kanuni ya pili ilihusu majina. Kila mtu anayeingia kortini ana jina la kitambulisho, jina la ubatizo, jina la nyumbani na jina analoitwa sokoni, na mara nyingi hayafanani. Andika yote. Mjue askari wa korti naye ana kazi yake: kesi ikifika, anatoka ukumbini anaita jina mara tatu. Mtu asipoitika mara ya tatu, faili inarudi chini ya rundo au kesi inafutwa. Nimeona mzee aliyelala kwa jamaa mjini ili asichelewe, ameketi mbele ya askari, jina lake linaitwa na yeye anatazama dirishani, kwa kuwa hilo la kitambulisho alipewa na karani wa zamani na hajawahi kulitumia. Kwa hiyo kila asubuhi nilikuwa napita kwenye mabenchi nikiuliza, "Na nyumbani wanakuitaje?"

Tena kwetu jina ni kalenda. Wafula na Nafula ni wa mvua. Simiyu ni wa kiangazi, Wekesa na Nekesa wa mavuno. Siku moja mzee alikuwa akitoa ushahidi wa mpaka wa shamba, akaulizwa mti wa mpakani ulipandwa lini. Akajibu, "Mwaka tuliompata Nasike." Hakimu wa wakati huo, mtu mpole, akatutazama. Mzee Idi akainama kidogo: "Mheshimiwa, mkalimani anaomba kufafanua. Nasike ni jina la msichana aliyezaliwa nzige wakiwa nchini. Shahidi anataja mwaka wa nzige." Hakimu akashukuru, akaandika. Nilikuwa nimesimama nyuma nikijifunza, nikaona hiyo ndiyo kazi yenyewe.

Mzee Idi akastaafu, akarudi Bungoma. Mimi nikabaki, na baadaye nikawa nahamishwa huku na huku, mara Kitale, mara Bungoma. Korti nitakayoisimulia sasa sitaitaja ni ipi. Mnajua kunyamaza, na mimi pia najua, na hilo la kunyamaza ndilo linalonifanya niandike.

Hakimu mpya aliletwa. Alitoka mbali, alikuwa na haraka na alikuwa mtu wa haki, mambo ambayo huwa hayakai pamoja vizuri. Wiki za kwanza shahidi mmoja alitaja kitu cha mila, nami nikainama kama nilivyofundishwa: "Mheshimiwa, mkalimani anaomba kufafanua." Sikumaliza.

"Madam, wewe ni shahidi?"

"Hapana, Mheshimiwa."

"Umeapa kueleza ama umeapa kutafsiri?"

"Kutafsiri, Mheshimiwa."

"Basi tafsiri. Ukitaka kueleza, nitakutafutia korti nyingine."

Korti nzima ilisikia. Siku hizo nilikuwa na mtoto chuoni na mama mgonjwa nyumbani, na neno "korti nyingine" lilinikaa tumboni. Tangu hapo sikuomba kufafanua tena. Nikawa bomba kweli kweli, na nikajidanganya kwamba ndivyo Mzee Idi alivyotaka.

Hapo ndipo ikaja kesi ya Makokha.

Alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, fundi wa redio Kitale, mwembamba, shati limepigwa pasi mpaka kola inang'aa. Baba yake aliitwa Wafula, dereva wa trakta katika mashamba ya mahindi ya Kitale, na alikuwa na sehemu yake ya ardhi ya nyumbani kule Myanga, upande wa Bungoma. Makokha alizaliwa Myanga, akabebwa Kitale angali mchanga, akakulia huko. Kibukusu chake kilikuwa cha salamu tu. Mama alikufa, halafu baba naye akafa, na kijana alipokwenda Myanga kuulizia sehemu ya baba yake, akakuta ndugu ya baba, Wekesa, ameilima yote. Wekesa akamwambia hana sehemu hapo kwa sababu si mtoto wa Wafula. Ikawa kesi ya urithi. Hakuna aliyekuwa na wakili.

Wekesa akapanda kizimbani, mwanamume wa umri wangu, kofia mkononi. Akaapa kwa Biblia, akachagua kusema kwa Kibukusu. Hakimu akamuuliza kwa nini anakataa kwamba kijana ni mtoto wa marehemu. Wekesa akajibu bila kusitasita, nami nikalitoa neno kwa neno, kama bomba.

"Mimi nilimwona kwa macho yangu akiokotwa jaani, nyuma ya nyumba ya mama yangu. Alikuwa mchanga wa siku chache. Ndiyo sababu anaitwa Makokha. Jina lake ni la jaa."

Hakimu akaacha kuandika. "Arudie."

Akarudia. Nikarudia. "Mimi nilimwona akiokotwa jaani."

Yote aliyosema yalikuwa kweli. Hapo ndipo shida ilipokuwa, na mgeni wa kwetu lazima aelezwe. Mama akizika watoto, mmoja, wa pili, wa tatu, na akajifungua tena, wazee wa zamani hawakumwacha yule mtoto apendwe waziwazi. Humtoa nje, humlaza kwenye jaa la majivu na maganda nyuma ya nyumba. Bibi mmoja wa boma hupita hapo kama kwa bahati, hushangaa kwa sauti kubwa, "Jamani, nani ametupa mtoto?", humwokota na kumrudisha ndani kwa mama yake. Mama humpa yule bibi kuku. Mtoto hupewa jina la jaa, au la fisi, au la kitu chochote kisichotamanika, ili kifo kikija kutafuta mtoto kikute takataka, kipite. Kwetu nilikuwa na binamu aliyeokotwa hivyo. Hakuna siku tuliyowaza kwamba ni wa mtu mwingine. Mtoto wa jaani ndiye aliyetakiwa kuliko wote, maana hakuna anayehangaika namna hiyo kwa mtoto asiyemtaka.

Kwenye mabenchi nyuma, watu wa Myanga walijua. Niliwasikia wakisogea. Mama mmoja mzee alikohoa na kukohoa tena akinitazama. Lakini kortini hakuna anayeropoka, na hakimu alikuwa akiandika kwa kasi. Niliweza kuona kutoka pale niliposimama kwamba anaandika mtoto alitupwa. Nikafungua mdomo. Nikakumbuka korti nyingine. Nikaufunga.

Kisha nikamtazama Makokha, nikaona kwamba hakuwa anajua. Hakuna aliyewahi kumwambia. Mama zetu hawapendi kuyataja mambo hayo, wanaogopa kuyaamsha, na yeye alikulia mbali ambako Makokha ni jina tu kama mengine. Alikuwa akinitazama mimi, si baba yake mdogo. Kibukusu cha Wekesa hakukipata, alipata Kiswahili changu. Mimi ndiye niliyemwambia kijana yule, kwa sauti iliyonyooka, mbele ya watu, kwamba mimi nilimwona akiokotwa jaani.

Hakimu akamuuliza kama ana swali kwa shahidi. Akasimama, akashika benchi ya mbele.

"Sina swali," akasema.

Kesi ikaahirishwa kwa majuma matatu.

Siku ya nne nilikuwa nakunywa chai kwenye kibanda kilicho nje ya lango. Akaja akasimama kando yangu, kikombe mkononi.

"Madam, samahani. Ile kitu ulisema juzi. Ati mimi niliokotwa. Ni ukweli?"

"Si mimi niliyesema. Ni baba yako mdogo."

"Lakini ni mdomo yako nilisikia. Ulisema 'mimi nilimwona'."

"Ndivyo kazi ilivyo. Na siruhusiwi kuongea na mtu mwenye kesi."

"Unijibu tu moja, madam. Sasa mimi ni wa nani?"

Ningeweza kumjibu kwa maneno manne. Nikasema, "Siruhusiwi." Ilikuwa kweli, na kanuni ni nzuri, na msiivunje. Akaomba radhi, ati hakujua, akaweka kikombe chake mezani kikiwa nusu, akaondoka. Nilikitazama kile kikombe mpaka mwenye kibanda akakiondoa. Nilijichukia siku ile kuliko siku nyingine yoyote.

Kuanzia hapo sikula vizuri. Nikiwa jikoni nasikia sauti yangu mwenyewe ikisema "jaani". Niliogopa mambo mawili, na kila moja likilala lingine linaamka. Niliogopa kwamba nikisema nimekosea, hakimu atauliza nimekosea mara ngapi nyingine, na kila mtu niliyewahi kumtafsiria atadai kesi yake irudiwe. Na niliogopa kwamba nisiposema, yule kijana hatarudi. Niliona namna alivyoondoka. Hakuonekana mtu aliyekasirika. Mtu mwenye hasira hurudi kortini.

Ijumaa nikaenda nyumbani kwa Mzee Idi. Nilimkuta barazani kwake ametoka kuswali, miguu kwenye beseni la maji ya moto, viatu vile vile vya zamani pembeni. Nikamweleza bila kutaja jina wala mahali. Akasikiliza mpaka mwisho.

"Shahidi alisema nini?" akauliza.

"Aliokotwa jaani."

"Na wewe ukasema nini?"

"Aliokotwa jaani."

"Na hakimu akasikia nini?"

"Mtoto wa kutupwa."

"Basi hukumaliza kazi, binti yangu. Maneno yalifika, habari haikufika."

"Mzee, si ni wewe uliniambia mimi ni bomba? Nisiongeze?"

"Nilikwambia usiongeze. Sikukwambia upunguze." Akatoa mguu mmoja kwenye maji, akautazama kama wa mtu mwingine. "Mimi nilinyamaza mara moja, Webuye, kabla hujaanza. Kitu kama hicho hicho. Nikasema kesi ijayo nitarekebisha."

"Ikawaje?"

"Yule mama hakuja kesi ijayo. Akaitwa mara tatu. Faili ikafungwa. Bado naisikia ile mara ya tatu."

Sikuwa nimewahi kumwona Mzee Idi akijutia kitu. Niliomba aniambie la kusema. Akanifundisha kama siku za kwanza: usimtetee mtu, usieleze mila wewe, sema tu kwamba tafsiri yako ilikuwa na upungufu na uombe shahidi aulizwe yeye mwenyewe. "Na miguu ikitetemeka," akasema, "shika meza. Meza ni ya serikali, haitakuuliza kitu."

Siku ya kesi nilifika mapema. Nikapita kwenye mabenchi kama kawaida nikiuliza watu majina ya nyumbani. Wekesa alikuwapo, kofia mkononi. Makokha hakuwapo. Saa tatu ikapita. Kesi ya kwanza, ya pili, ya tano. Nilikuwa natafsiri mambo ya mbuzi na matusi huku macho yangu yako mlangoni, na tangawizi ya Mzee Idi imeisha mdomoni.

Kisha akaingia. Shati halikupigwa pasi. Akakaa benchi ya mwisho kabisa, karibu na ukuta, akainamisha kichwa. Nikashukuru Mungu kimoyomoyo. Nilishukuru mapema mno.

Faili ikafika. Askari akatoka ukumbini, nasi tukasikia sauti yake. "Makokha Wafula!" Kijana hakusogea. "Makokha Wafula!" Watu wawili watatu wakageuka kumtazama. Alikuwa akitazama sakafu baina ya viatu vyake. Askari akarudi mpaka mlangoni, akaita mara ya tatu kwa nguvu hata vioo vikalia. "Makokha Wafula!"

Alikuwa amekuja kuona tu namna jina hilo litakavyoitwa likose mwenyewe.

"Hayupo," hakimu akasema bila kuinua macho. Akafungua kalamu.

Nikashika meza.

"Mheshimiwa, yuko. Ameketi benchi ya mwisho."

Akainua macho. "Kama yuko mbona haitiki?"

"Ni kwa sababu yangu, Mheshimiwa."

Nikasema kwamba mkalimani anaomba kurekebisha rekodi. Kwamba tarehe iliyopita shahidi alitaja jambo ambalo watu wa kwetu hulielewa kwa namna moja na mtu wa mbali hulielewa kwa namna nyingine, na mimi nililijua hilo nikanyamaza. Kwamba simtetei mtu. Kwamba naomba shahidi aulizwe mwenyewe: nani alimlaza yule mtoto pale, nani alimwokota, na alimpeleka wapi.

Hakimu akarudi nyuma kurasa mbili kwenye faili. Nilingoja ile korti nyingine.

"Shahidi arudi kizimbani," akasema.

Wekesa akarudi. Akakumbushwa kiapo chake. Sasa nilitafsiri taratibu, na nilijitahidi sauti yangu isionyeshe upande wowote.

"Nani alimwokota mtoto?"

"Mama yangu mzazi."

"Nani alimlaza pale jaani?"

Kofia ikazunguka mikononi mwake. "Mama yangu."

"Huyo huyo?"

"Huyo huyo."

"Mtoto alikaa jaani muda gani?"

"Muda wa mtu kuzunguka nyumba."

"Kisha mama yako akampeleka wapi?"

"Ndani. Kwa mama yake. Mke wa Wafula. Alikuwa amezika watatu."

Hakimu akaandika, akafuta, akaandika tena. "Kwa nini hukusema hivyo mara ya kwanza?"

Nilitafsiri swali. Wekesa akajibu, nami nikalitoa jibu lake kama lilivyo.

"Sikuulizwa."

"Sasa nakuuliza. Huyu ni mtoto wa nani?"

Alimtafuta kijana kwa macho mpaka akampata kule ukutani. Nilidhani atakataa. Kisha mabega yake yakashuka.

"Ni wa Wafula," nikasema, kwa mdomo wake. "Nilitaka shamba. Mama yangu angekuwa hai nisingesema yale maneno."

Makokha alikuwa ameinua kichwa. Hakimu akamtazama, akaitazama faili, akamwambia askari, "Kwenye rekodi yangu aliitwa hakuitika. Ita tena."

"Mheshimiwa, si yuko hapa?"

"Ita."

Askari, mtu wa Webuye mwenye kifua kama ngoma, hakujua aite kwa sauti gani mtu anayemwona. Akasema tu, kama anavyosemesha jirani, "Makokha Wafula."

"Niko," kijana akasema, na machozi yakamtoka palepale. Mimi pia yalinitoka. Kanuni ya Mzee Idi inasema usilie, lakini hapo sikuwa natafsiri.

Uamuzi ulitoka baadaye, akapewa sehemu ya baba yake. Mimi nilitakiwa niandike barua ya kujieleza. Nikaipiga taipu mwenyewe, nakala tatu, nikaituma juu. Mwezi mzima kila bahasha ya kahawia niliifungua nikiwa nimesimama. Jibu halijaja hadi leo. Nimestaafu nikilingoja, na mkilipata mnijulishe.

Lakini siku ile ile, kabla ya yote hayo, nilitoka ukumbini kupeleka faili nikawakuta wawili hao wamesimama karibu na bomba la maji. Sikupaswa kusikiliza. Nilifunga kamba ya kiatu ambacho hakina kamba.

"Baba mdogo," Makokha akasema, "hiyo jaa ilikuwa upande gani?"

Wekesa akavaa kofia, akaivua tena. Kwa Kiswahili l na r zake hazikuelewana. "Nyuma ya nyumba ya kukhu, nyanya yako. Siku hizi kuna migomba. Ni hiyo sehemu turikuwa tunapigania."

"Na yeye kukhu?"

"Turimzika hapo hapo. Arichagua mwenyewe. Arikuwa anasema ndipo aripatia mtoto."

Kijana akajipangusa uso kwa mkono wa shati.

"Nataka kuona," akasema.

Wekesa akatazama barabarani, halafu akamtazama yeye.

"Makokha, twende," akasema. Akamwita mara moja tu, na kijana akamfuata.